Kubuni Mandhari ya Filamu: Jibu kwa Mchoraji Ramani wa Mwanza

Swali: Shikamoo mwalimu. Nina stashahada ya uchoraji wa ramani za majengo, na sasa nachora kwa mkandarasi mmoja hapa Mwanza. Kanisani mimi ndiye ninayepanga jukwaa la igizo la Krismasi, na mwaka jana kijana mmoja anayetengeneza filamu fupi aliniomba nimpangie nyumba ya kuigizia. Niliipenda kazi ile kuliko yoyote niliyowahi kufanya. Baba anasema hayo ni mapambo ya harusi tu, hayamlishi mtu. Naomba unieleze: hii ni kazi kweli? Inaanzia wapi? Na je, lazima niende kusoma Ulaya?

Jibu: Marahaba, binti yangu. Ni kazi, tena kazi kubwa. Kwenye filamu yenye timu kamili, watu watatu ndio wanaoamua itaonekanaje: muongozaji, mpiga picha mkuu, na mbunifu wa mandhari ambaye huku kwetu wengi humwita prodakshen dizaina. Huyu wa tatu huajiriwa mapema, wiki nyingi kabla kamera haijafika, kwa sababu kila kitakachoonekana zaidi ya mwigizaji na nguo zake kiko juu yake: ukuta, mlango, sufuria jikoni, barua mkononi, kibao cha duka upande wa pili wa barabara. Chini yake yuko mkurugenzi wa sanaa anayesimamia michoro na ujenzi, yuko mpamba seti (seti ni mahali palipotengenezwa pa kuigizia), mnunuzi, mtu wa propsi, yaani vitu ambavyo waigizaji hushika na kutumia, wapaka rangi na maseremala. Kwenye filamu nyingi za Dar es Salaam vyeo vyote hivyo hubebwa na mtu mmoja na msaidizi wake, na malipo huwa ya mtu mmoja.

Cheo chenyewe kilianzia Hollywood, kwenye filamu ya Gone with the Wind ya mwaka 1939. William Cameron Menzies aliichora filamu ile picha kwa picha kabla haijapigwa, na mtayarishaji David O. Selznick akaona jina la mkurugenzi wa sanaa halitoshi kueleza alichofanya. Akampa hili jipya, nalo likabaki.

Lakini kwa mtu wa fani yako, wa kumsoma ni Ken Adam. Alizaliwa Berlin mwaka 1921 katika familia ya Kiyahudi. Familia ikaikimbia Ujerumani ya Hitler mwaka 1934 na kuhamia Uingereza, yeye akasomea usanifu majengo London, kisha akarusha ndege za kivita za Uingereza wakati wa vita. Vita vilipoisha aliingia studio kama mchoraji ramani wa ngazi ya chini kabisa, yaani kazi unayoifanya wewe sasa, ila kwa majengo ya kuigizia. Kutoka filamu yake ya kwanza ya mwaka 1948 mpaka Dr. No, filamu ya James Bond ya mwaka 1962 iliyomtambulisha kwa dunia, ilipita miaka 14. Katikati alichora, alipima, alisimamia mafundi, akapanda cheo kimoja baada ya kingine. Baadaye alipata Oscar mbili na Malkia akampa cheo cha Sir mwaka 2003.

Nakutajia huyu kwa sababu kazi zake zinaonyesha wazi ubunifu wa mandhari unatofautiana wapi na usanifu wa majengo. Mwaka 1964 ilibidi ajenge ndani ya hazina ya dhahabu ya Fort Knox, Marekani, kwa ajili ya Goldfinger, filamu nyingine ya James Bond. Hakuruhusiwa kuingia kuona. Akabuni: dhahabu imepangwa marundo marefu kwenda juu, nyuma ya vyuma vinavyong'aa. Mtunza hazina wa kweli asingepanga hivyo, maana dhahabu ni nzito mno kurundikwa kiasi kile. Ila aliyekata tiketi alikuja kuona dhahabu, na Adam akamwonyesha. Mwaka huohuo ilitoka Dr. Strangelove, filamu ya Stanley Kubrick ambayo Adam pia aliibunia mandhari, yenye chumba cha vita ambacho watu wanakizungumzia mpaka leo: meza kubwa ya mviringo, na juu yake duara la taa. Meza ilifunikwa kitambaa cha kijani ingawa filamu ilikuwa ya rangi nyeusi na nyeupe, kwa sababu Kubrick alitaka waigizaji wajione kama watu wanaocheza kamari. Na lile duara la taa halikuwa pambo. Ndilo lililowamulika waigizaji. Mbunifu alimpa mpiga picha mwanga ndani ya seti yenyewe, na ukiweza kufanya hivyo hata kwa balbu moja ya jikoni, wapiga picha watakutafuta.

Sasa tuje kwenye kazi yenyewe, na nitakaa zaidi kwenye kusoma skripti, maana wengi wanaokuja kwangu wanajua kuchora na kupaka rangi lakini hawajui kusoma.

Chukua mistari hii miwili: NDANI. CHUMBA CHA ZUHURA. USIKU. Zuhura anahesabu pesa. Mwandishi kamaliza, hana zaidi. Wewe ndiyo kwanza unaanza. Chumba ni chake au amepanga? Kama amepanga, ni Manzese au Upanga? Mwenye nyumba alidai kodi ya miezi sita kwa mkupuo, na alipomlipa alibaki na nini cha kununulia kitanda? Anaishi na mtoto? Kama ndiyo, mtoto analala wapi, na pazia linalogawa chumba limefungwa kwa kamba, waya au misumari? Kisha pesa. Anazitoa kwenye kibubu, chini ya godoro, au ndani ya kopo la unga? Kila jibu linaleta mtu mwingine. Ukichagua kopo la unga, umemwambia mtazamaji kwamba ndani ya nyumba hiyo kuna mtu ambaye Zuhura hamwamini, na hakuna mwigizaji aliyefungua mdomo. Halafu yanafuata ya kiutendaji: sini, yaani onyesho hilo moja, itarudiwa mara kadhaa, kwa hiyo unahitaji makopo kadhaa yanayofanana, unga wa akiba, kitambaa cha kufutia mikono yake kati ya mara na mara, na picha ya simu inayoonyesha kopo lilikaa wapi ili mwendelezo usivunjike.

Hivyo ndivyo unavyosoma skripti nzima, sini kwa sini, ukijaza jedwali: ndani au nje, mchana au usiku, nani yumo, ameshika nini, nini kinavunjika, kinaliwa au kinachomwa. Muongozaji asipokuwa na majibu ya maswali yako, tunga wewe majibu umpelekee. Waongozaji wazuri wanafurahi. Asiyefurahi, ni vema ukajua mapema.

Filamu ya zamani inadai hesabu ya pili, ya miaka. Tazama ukutani kwenye ofisi yoyote ya serikali ya Tanzania: picha ya rais inakutajia kipindi. Mwinyi ni 1985 mpaka 1995, Mkapa mpaka 2005, na kuendelea. Ukikosea picha hiyo, kila mtazamaji wa Tanzania aliyevuka miaka 30 atakukamata. Sebule ya Dar es Salaam ya mwaka 1985 haiwezi kuwa na familia inayotazama taarifa ya habari kwenye televisheni, kwa kuwa Bara haikuwa na kituo cha televisheni mpaka mwaka 1994. Zanzibar ilikuwa nayo, tena ya rangi, tangu mwanzoni mwa miaka ya 1970. Kwa hiyo filamu mbili za mwaka mmoja, moja Kariakoo na nyingine Michenzani, zina sebule tofauti kabisa. Noti za Tanzania zilianza kutumika mwaka 1966, kabla ya hapo ni shilingi ya Afrika Mashariki. Kanga za mwanzoni mwa karne ya 20 zilikuwa na maandishi ya herufi za Kiarabu. Hakuna ndoo ya plastiki katika uwanja wa nyumba ya mwaka 1950. Kuna debe, mtungi na kata ya kifuu. Mambo haya huyakuti mahali pamoja. Unayapata kwa kuwauliza wazee, kwa kupekua picha za harusi za familia, magazeti ya zamani, kalenda na mabango ya matangazo. Anza leo kukusanya picha za ndani ya nyumba za watu, kwa ruhusa yao. Picha za ndani ni adimu kwetu, maana zamani watu walipigwa studio au nje ya mlango.

Itazame Vuta N'kuvute, filamu ya Amil Shivji ya mwaka 2021 iliyotokana na riwaya ya Adam Shafi, hadithi ya Unguja ya miaka ya 1950. Itazame mara moja kwa hadithi, mara ya pili ukiwa umezima sauti, uangalie kuta, samani na vyombo. Kisha ujiulize Mji Mkongwe wa leo una nini ambacho hukukiona: madishi ya satelaiti, mashine za kupoza hewa, nyaya za umeme, viti vya plastiki, vibao vya hoteli. Kila kimoja kilibidi kiondolewe, kifichwe, au kamera ielekezwe kwingine. Na kumbuka eneo lile ni urithi wa dunia tangu mwaka 2000. Huwezi kupigilia msumari au kupaka rangi ukuta upendavyo. Lazima kibali kitangulie.

Jambo jingine ambalo halisemwi vya kutosha katika nchi zetu ni rangi ya ukuta. Nyumba nyingi za kukodi zina kuta nyeupe au krimu. Ukimweka mtu mweusi mbele ya ukuta mweupe mtupu, ukuta unakula mwanga wote. Mpiga picha akiongeza mwanga ili uso uonekane, ukuta unaungua kwa weupe; akiulinda ukuta, uso unazama gizani. Halafu tunalaumu kamera. Dawa iko kwako: kijani iliyofifia, bluu ya zamani, udongo, manjano iliyoiva kama ya nyumba za Uswahilini, rangi zenye uzito wa katikati. Kama mwenye nyumba hataki rangi, tundika kanga, pazia, mkeka, kabati, chochote cha kuvunja weupe. Na usiache kitu kipya kikawa kipya. Kitambaa kichemshe kwenye chai, mbao uipige msasa pembeni pale mikono inaposhika, ukuta uupitishie maji yenye rangi kidogo chini, mahali watoto wanapofika na karibu na swichi. Uchakavu una sababu zake, ujue kabla hujachovya brashi.

Kuhusu uchoraji, wewe una mtaji ambao wengi hawana. Unajua kupima chumba, kuchora kwa kipimo, kusoma sehemu iliyokatwa. Kipimo cha 1:50 kwa mpango mzima na 1:25 kwa seti moja unakijua tayari. Programu kama AutoCAD na SketchUp ndizo hizohizo. Utakachobadilisha ni fikra. Jengo la mkandarasi linatakiwa lisimame miaka hamsini na lisivuje. Seti inasimama siku tatu, inatazamwa kutoka pande mbili, na ukuta wake mmoja lazima uweze kuondoka dakika tano kamera ikitaka kurudi nyuma. Dari mara nyingi halipo kwa sababu taa zinatoka juu. Paneli za kuta hujengwa zikifuata ukubwa wa plaiwudi, futi 8 kwa 4, kwa fremu ya mbao nyepesi, zikafungwa kwa skurubu ili zibomolewe na kutumika tena. Kwenye ramani yako weka mahali kamera itakaposimama na uchore pembe ya lenzi. Kila kilicho nje ya pembe hiyo usikijenge. Hapo ndipo pesa zinapookolewa. Jenga pia modeli ndogo ya kadibodi nyeupe. Muongozaji ambaye hawezi kusoma ramani, na wengi hawawezi, ataingiza jicho kwenye modeli na kuelewa papo hapo.

Usidhani pesa nyingi ndiyo shule. Ken Adam alifika mahali akajenga seti ya ndani ya volkano kwa takriban dola milioni 1, mwaka 1966 pale studio za Pinewood, Uingereza, seti ambayo helikopta iliweza kuingia ndani yake. Fedha hiyo ilikaribia bajeti ya Dr. No nzima. Lakini chumba kimojawapo kinachokumbukwa zaidi kwenye hiyo Dr. No ni kitupu: kiti kimoja, meza ndogo, na dari lenye tundu kubwa la duara lenye nondo, likimwaga kivuli sakafuni. Alikijenga mwishoni, kwa fedha kidogo zilizobaki.

Kwa upande wa bajeti, kila seti ina njia tatu: kuijenga, kukodi mahali palipo tayari, au kukodi na kubadilisha. Andika gharama za zote tatu kabla hujaongea na mtayarishaji. Vitu vinavyosahaulika ni vilevile kila mara: usafiri wa kwenda na kurudi, mlinzi wa usiku, umeme, chakula cha mafundi, na kurudisha nyumba ilivyokuwa. Ongeza asilimia 10 ya dharura na usikubali ifutwe. Piga picha kila ukuta, kila mlango na kila kigae kabla hujaingiza kitu, mwenye nyumba akiwepo. Niliwahi kuona kazi ya mwezi mzima ikigeuka kesi kwa sababu ya mlango mmoja uliodaiwa kuvunjwa, na hakuna aliyekuwa na picha ya mwanzo. Na shika neno hili: usitumie fedha zako kununua vifaa vya filamu ya mtu kwa ahadi ya kurudishiwa. Fedha ya manunuzi itangulie, risiti zifuate. Kwenye mkataba pawepo idadi ya seti, siku za maandalizi, na nani analipa kikivunjika kitu. Mtayarishaji anayekasirika ukimwomba maandishi amekuambia tayari kazi itaishaje.

Ulaya si lazima. Zipo shule nzuri za fani hii, kama National Film and Television School ya Uingereza na AFI Conservatory ya Los Angeles, na ukipata ufadhili nenda bila kusita. Lakini usiuze kiwanja cha familia. Hapa nyumbani kuna Chuo Kikuu Ardhi kwa ubunifu wa ndani, Idara ya Sanaa Bunifu ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, na TaSUBa, taasisi ya sanaa na utamaduni pale Bagamoyo, kwa upande wa jukwaa. Kwa stashahada uliyo nayo, ningependa zaidi uongeze useremala na upakaji rangi wa miezi michache kwenye chuo cha ufundi cha VETA, ili fundi akikwambia haiwezekani ujue kama ni kweli.

Na uangalie njia ya Hannah Beachler wa Ohio, Marekani. Baba yake msanifu majengo, mama yake mbunifu wa ndani. Yeye akaanza na masomo ya mitindo ya mavazi, kisha akasomea filamu katika chuo cha serikali cha jimboni kwao. Alifanya filamu za bajeti ndogo, akabuni Fruitvale Station iliyotoka mwaka 2013 na Moonlight ya mwaka 2016, filamu mbili za fedha kidogo zilizopigwa kwenye mitaa halisi ya watu wa kawaida. Ndipo akapewa Black Panther, na mwaka 2019 akawa mtu mweusi wa kwanza kushinda Oscar ya ubunifu wa mandhari. Kwa Wakanda aliandaa kitabu cha mamia ya kurasa kinachoeleza nchi isiyokuwepo: makabila yake, majengo, usafiri, historia. Yale maswali ya chumba cha Zuhura, yeye aliyauliza kwa taifa zima.

Je, inalisha? Nitasema nilichokiona. Filamu peke yake, kwa sasa, hailishi wengi hapa kwetu. Wanaoishi kwa fani hii wanachanganya tamthilia za televisheni, matangazo ya biashara, video za muziki, maonyesho ya makampuni, na mara mojamoja filamu ya kutoka nje. Matangazo ndiyo yanayolipa vizuri kwa siku, tamthilia ndizo zinazoleta mwezi unaotabirika. Filamu kubwa za nje zikija, huwa zinatafuta watu wa hapa. Out of Africa ilipopigwa Kenya, mitaa ya Nairobi ya miaka ya 1910 ilijengwa upya huko Langata, na mwaka 1986 mbunifu wake Stephen Grimes na mpamba seti Josie MacAvin wakapata Oscar. Seti kama ile haiinuki bila maseremala na wapaka rangi wa mahali, na anayejua kusoma ramani huitwa wa kwanza.

Baba yako usibishane naye. Mapambo ya harusi anayoyadharau ni mazoezi mazuri mno: ukumbi unapewa saa sita mchana, wageni wanafika saa kumi na mbili, bajeti imekatwa nusu, na bibi harusi ana rangi zake. Nimeshawaajiri vijana wawili kutoka huko, na walikuwa wepesi kuliko waliotoka chuo. Mwonyeshe baba ramani, jedwali la gharama na picha za kabla na baada ya nyumba uliyompangia yule kijana. Hivyo vitatu ndivyo pia utakavyonionyesha mimi au mtu mwingine ukitafuta kazi. Ongeza seti moja ya kubuni tu: chukua hadithi fupi unayoipenda, uisome kwa maswali, uchore, ujenge modeli, uiandikie bei za Mwanza za leo. Kurasa kumi zinatosha. Bei ziwe za kweli, maana ndiko nitakakoanza kusoma.

Kazi ya mkandarasi usiiache bado. Omba likizo yako ya mwaka iangukie kwenye maandalizi ya tamthilia au filamu moja, uingie kama msaidizi wa propsi au mnunuzi, chini ya mtu mwenye uzoefu. Propsi ndiyo mlango bora, kwa sababu utakuwa seti kila siku na utaona michoro ya wengine inavyoshindwa au kufaulu kamera ikiwashwa. Filamu inayopigwa Mwanza yenyewe itakufaa kuliko kusafiri: unajua nani ana kabati la zamani Kirumba, nani anakodisha mtumbwi, na fundi gani anakuja akiitwa usiku. Waandikie watayarishaji hilo kwenye sentensi ya kwanza.